Aliyetoboa Silanga

Simu ilinikuta Kajiado, kwenye soko la mifugo, nikibishana na muuza mbuzi juu ya beberu mwenye jicho bovu. Aliyepiga ni mzee wa boma jirani, yule anayeongea na simu kana kwamba anamwita mtu aliye ng'ambo ya bonde. "Mwalimu! Mama ya silanga ametuacha. Amelala jana mchana kidogo, hajaamka." Nikasema pole, nikamrudishia mtu beberu wake, nikaenda kukaa juu ya jiwe kando ya ua la soko. Ninyi mnaonivumilia katika safu hii kila wiki mnastahili ukweli, kwa hiyo nitawaambia jambo la kwanza lililonijia kichwani pale juu ya jiwe. Sikuwawaza watoto wake. Sikuwaza hata kumwombea. Niliwaza: watakuja watu wangapi kumzika? Kisha nikawaza: nami siku yangu ikifika, watakuja hata nusu yao? Nikajijibu kwamba hawatakuja, nikakasirika, na hasira yenyewe nikamkasirikia marehemu.

Nilimwonea wivu mama yule kwa miaka mingi. Nalisema waziwazi kwa sababu nimechoka kulisema kwa mafumbo. Alifika kwetu mwanzoni mwa miaka ya tisini, yeye na mumewe na watoto wawili wadogo, wakitokea upande wa Machakos. Mume alipata kibarua cha kiwandani, na yeye akawa akikata maua kwenye shamba moja la maua si mbali na Kitengela. Walikodi kipande cha ardhi kwa jirani yetu, upande wa ndani wa barabara ya Namanga, wakapanda maharagwe na mahindi ambayo jua la kwetu liliyala kabla yao. Jioni akitoka kazini alifinyanga vyungu, kazi aliyofundishwa na mama yake. Sisi Wamaasai wa pale tulishangaa, maana kwetu maziwa hukaa kwenye kibuyu na maji hukaa kwenye mtungi wa plastiki. Lakini wenzake waliotoka kwao walikuwa wengi, na walisema maharagwe hayaivi vizuri kwenye sufuria.

Udongo mzuri wa vyungu ulikuwa kando ya silanga yetu, yaani lile bwawa lililochimbwa na wazee wetu zamani ili kukinga maji ya mvua yanayoteremka kutoka kwenye kilima. Mtu mwingine angebeba jembe na gunia akajichotea. Yeye alikuja kwanza nyumbani kwetu, majani ya chai na sukari mkononi, akamsalimu mama yangu kwa Kimaasai alichokuwa amefundishwa asubuhi ile ile. Alisema "Takwenya", kisha kabla mama hajaitikia akajiitikia mwenyewe, "Iko". Mama yangu alicheka mpaka akashika mbavu. Akampa ruhusa ya udongo, akampa na maziwa, na tangu siku ile akawa anamwita *entito ai*, binti yangu. Mimi ndiye mtoto wake wa kwanza. Nimesoma mpaka chuo cha ualimu, nimemjengea nyumba ya mabati, na sijawahi kuitwa chochote kwa sauti ile. Hapo ndipo wivu wangu ulipoanza, na mnaweza kuona kwamba haukuanza kwa jambo kubwa.

Kisha ikaja mvua ya El Niño, ambayo hakuna msomaji wangu aliyeisahau. Wengine walipoteza madaraja, sisi tulipoteza silanga. Mafuriko yalishuka na udongo wa kilima kizima yakaumwaga mle ndani, na mvua ilipokoma tukawa na uwanja mzuri wa kuchezea mpira. Miaka miwili baadaye ukafuata ukame. Wanawake wakawa wanaamka na punda kwenda Isinya kutafuta maji, wanarudi saa nane mchana, na mtoto wa darasa la nne alikuwa akinyoosha mkono darasani kwangu si kwa kujua jibu, bali kuomba ruhusa akapokezane na mama yake njiani. Tukaunda kamati ya maji. Mimi nikawa katibu, kwa sababu nilikuwa na mwandiko mzuri na faili.

Lile faili lilikuwa fahari yangu. Nililipeleka Kajiado kwa basi mara nyingi kiasi kwamba makondakta walidhani nimeajiriwa huko. Nilikalia benchi za ofisi, nikaandika barua, nikaandika barua za kukumbusha juu ya barua. Mwishowe afisa mmoja mpole akaniambia, "Mwalimu, watu wenu waanze kuchimba kwa mikono yao. Sisi tukija tukute kazi." Nikarudi, nikachora ratiba ya zamu kwenye ubao wa shule, kila boma na siku yake, na siku ya kwanza tukafika watu watatu, mmoja akiwa amekuja kumtafuta ndama aliyepotea.

Shida ilikuwa hivi. Wanaume wetu hawakulelewa kupasua ardhi. Mmaasai wa rika la baba yangu akimwona mtu na jembe humwonea huruma. Majirani wetu kutoka Ukambani nao walikuwa tayari kuchimba, lakini walijiuliza kwa nini wachimbe maji ya ng'ombe wa watu wengine. Ratiba yangu haikuwa na jibu la mambo hayo. Mama yule hakuja kunishauri wala kunilaumu. Alizunguka tu, boma kwa boma na plot kwa plot, siku zake mbili za mapumziko. Kwao kuna mtindo wa kazi wanaouita mwethya: kila nyumba hutoa mtu mmoja, kila mtu hupimiwa kipande chake kwa vijiti, na nyimbo haziishi. Akawaambia wenzake tutafanya mwethya. Akawaambia wazee wetu, "Nyinyi msichimbe. Nyinyi mtoe punda na mchunge punda. Udongo ikitoka itabebwa na nani?" Kuchunga punda si kuchimba, kwa hiyo hakuna aliyevunjiwa heshima. Wiki ya pili nilimkuta mzee wa boma jirani, yule wa simu, amefunga shuka kiunoni ameshika sururu, anagombana na Mkamba mmoja kwamba kipande chake kimepimwa kidogo kuliko cha wengine. Watu walifika sabini siku hiyo. Nilisimama pale na faili langu, nikafurahi kwa ajili ya maji, na kwa ajili yangu nikaumia.

Sasa nafika penye jambo ambalo sijawahi kuliandika. Chini ya lile tope jeusi la mafuriko tulikuta udongo wa kijivu, mgumu, laini juu kama sakafu iliyosuguliwa. Ilikuwa sakafu kweli. Ilisakafiwa na kwato za ng'ombe wa babu zetu waliosimama majini miaka na miaka wakiukanyaga, lakini nani hukaa akamshukuru ng'ombe kwa kusimama majini? Mimi nilikuwa nimeandika kwenye faili kwamba silanga yetu mpya itakuwa na kina cha watu wawili waliosimama mmoja juu ya mwingine, na afisa alikuwa anakuja kuiona. Hatukuwa tumefika hata kina cha mtu mmoja na nusu. Nikaagiza katikati pachimbwe shimo zaidi. Wakati wa chai mama yule alinijia kando, mbali na watu, donge la ule udongo wa kijivu mkononi.

"Mwalimu, niko na neno kidogo."

"Sema, mama."

"Hapa tumefika. Hii udongo tusiiguse. Hii ndio kitako. Ukitoboa kitako ya chungu, hata ukijaza aje, maji itaenda tu."

Angekuwa mtu mwingine yeyote ningemsikiliza. Wallahi, angekuwa hata yule aliyekuja kutafuta ndama. Lakini alikuwa yeye, na watu sabini walikuwa wamekuja kwa ajili yake. Nikamwambia, "Mama, hii si chungu. Hii ni mradi."

Akanitazama kidogo. "Sawa, mwalimu," akasema, akalitia donge mfukoni mwa aproni yake na kurudi kwenye kipande chake. Mimi nikavua koti, nikachukua sururu, nikalipiga pigo la kwanza kwa mkono wangu mwenyewe. Chini ya udongo ule kulikuwa na changarawe, nyepesi, inayochimbika bila jasho. Nakumbuka nilifurahi kwamba kazi imekuwa rahisi.

Mvua ilinyesha, silanga ikajaa. Tulichinja kondoo, afisa akaja na gari la serikali, nami nikahutubu. Siku ya nne maji yalikuwa yamepungua, tukasema ni jua. Siku ya saba wanawake walikuwa wakichota matope. Siku ya tisa nilisimama ukingoni nikaliona lile shimo langu la katikati, kavu, limefunua mdomo. Mimi nilijua. Hakuna mtu aliyehitaji kunieleza.

Watu waliofanya kazi wiki tano wakapata maji ya siku tisa hutaka kupewa mtu wa kulaumu. Macho yakaenda ukingoni, pale alipokuwa akichota udongo wa vyungu vyake miaka yote ile. Kulikuwa na tundu pale la kutosha kondoo kulala. Lilikuwa juu kabisa, mahali ambapo maji hayakufika hata siku ya mvua kubwa, na mtu mwenye utulivu angeliona hilo, lakini utulivu ulikuwa umekauka pamoja na maji. Minong'ono ikaanza: ni yule wa vyungu, amechimbachimba mpaka ameitoboa silanga. Jirani aliyemkodisha ardhi akaambiwa asimwongezee muda. Mkutano ukaitwa palepale kwenye sakafu ya silanga iliyopasukapasuka, na kila mtu alijua unaitiwa nini. Familia ile ilikuwa inakwenda kufukuzwa.

Mzee wa boma jirani ndiye aliyeuliza. "Mama, wewe ulichukua udongo hapa?"

"Nilichukua."

"Na maji imeenda wapi?"

Hapo akageuka akanitazama. Hakuwa na chuki machoni. Alikuwa kama mtu aliyekushikia mlango akingoja upite. Nami nikafungua faili langu nikaanza kutafuta barua ambayo sikuwa naitafuta. Nilipekua kurasa mpaka mwisho, nikarudi mwanzo. Alingoja muda wa mtu kunywa kikombe cha maji, kisha akawageukia wazee.

"Mimi nilichukua udongo, siwezi kataa. Wacha niirudishe. Lakini mikono yangu haitoshi. Naomba ng'ombe."

"Ng'ombe ya nini tena? Ndio sisi tukulipe faini?"

"Naomba ng'ombe zote. Za kila mtu."

Watu wakacheka kwa hasira, lakini walicheka, na mkutano uliocheka haufukuzi mtu siku hiyo. Akawaeleza taratibu. Lile shimo la katikati lijazwe udongo wa ukingoni uliochanganywa na wa kichuguu. Mvua ya kwanza ikilowesha, ng'ombe waingie wakanyage, wazunguke, wakanyage tena, kama mtu anavyoukanda udongo kabla ya kufinyanga. "Na kama maji haitakaa," akasema, "hatutangoja kuambiwa. Tutahama wenyewe." Wakamkubalia. Lilibaki jambo moja tu. Penye lango la silanga kulikuwa na ubao nilioupaka rangi kwa mkono wangu, unaosema ng'ombe ni marufuku kuingia, wanywe kwenye birika la nje. Akauelekeza uso wake kwangu, mbele ya wote, kwa heshima ambayo sikuistahili. "Katibu ataturuhusu?" Nikasema kamati inaruhusu. Nililisema kama mtu anayetoa zawadi.

Mvua hiyo ya kwanza ilikuja asubuhi moja, manyunyu tu, na kabla nguo hazijalowa vizuri tulimwona akikimbia kwenye njia ya maboma, miguu mitupu, akipiga kelele, "Leteni! Leo, si kesho!" Wakaja. Ng'ombe wa boma jirani, wa boma la pili, wa kanisa, wa chifu, na wetu wakiongozwa na mama yangu mwenyewe na fimbo yake, mama ambaye alikuwa na goti bovu na alikuwa amenikatalia kwenda hospitali kwa sababu ni mbali. Wakaingia silanga wakaanza kuzunguka. Udongo ukawa uji, uji ukawa ugali. Naye alikuwa katikati yao, tope mpaka magotini, kila baada ya muda anainama, anafinya kidonge, anakiviringisha kama uzi na kujizungushia kidoleni. Uzi ukipasuka anatikisa kichwa. "Bado."

"Mama, ng'ombe zimechoka!" mzee akalalamika.

"Zipumzike. Halafu zirudi."

"Sijawahi amrishwa na mwanamke kuhusu ng'ombe yangu!"

"Pole, mzee. Halafu zirudi."

Na zikarudi. Saa kumi hivi uzi ulizunguka kidole bila kupasuka, akauinua juu tuuone, na watu wakapiga vigelegele kana kwamba wameonyeshwa pete ya harusi. Wanaume walimwinua begani. Nilikuwa nimesimama kwenye lango, karibu na ubao wangu, viatu vyangu vikiwa safi.

Mvua kubwa ikaja wiki iliyofuata, silanga ikajaa kwa mara ya pili. Nitawaambia nilichofanya siku ya tisa, nanyi mkitaka kuacha kunisoma, acheni. Niliamka alfajiri, nikachukua fimbo niliyokuwa nimeitia alama siku mvua ilipokoma, nikaenda kupima kama maji yamepungua. Nilitumaini yamepungua. Ng'ombe wa mama yangu walikuwa wamekonda mbavu zikihesabika, wanafunzi wangu walikuwa hawaji shuleni, na mimi nilikuwa natembea gizagiza nikiomba maji yawe yamekwenda, ili mwanamke mmoja asiwe amefaulu. Nikaitumbukiza fimbo. Maji yalifika kwenye alama. Niliposimama, yeye alikuwa nyuma yangu na mitungi yake.

"Mwalimu, umeamka mapema."

"Eeh."

"Hiyo fimbo ni ya nini?"

"Ya ng'ombe."

Akatazama kushoto, akatazama kulia. Uwanda wote ulikuwa mtupu. "Na ng'ombe ziko wapi?" Akacheka kidogo, si kwa ubaya, akanigeuzia mgongo, kamba ya kubebea mtungi ikiwa tayari kichwani. "Basi nisaidie kuinua huu mtungi." Nikamsaidia.

Waswahili husema mgeni njoo mwenyeji apone. Hawasemi mwenyeji akishapona hubaki na uso gani. Alikaa, wakanunua nusu ekari palepale, watoto wake wakakua na wetu, na watoto wa maboma walipokutana naye njiani waliinamisha vichwa awaguse utosini kama wanavyowafanyia mama zetu. Katika kila sherehe nilikaribishwa kama katibu na yeye kama mama ya silanga, na mnaweza kukisia ni jina lipi lilipigiwa makofi. Nilijiambia kwamba watu hawajui kuthamini kazi ya kalamu. Niliandika katika safu hii hii, zaidi ya mara moja, juu ya jamii zinazowasahau wanaopanga na kuwakumbuka wanaopiga kelele. Baadhi yenu mliniandikia barua za kuniunga mkono. Leo nawaomba radhi nyinyi pia.

Kwetu kumebadilika. Kitengela imevuka reli, imevuka barabara, inatembea kuelekea kwetu na mabati na mawe yake. Ardhi imekatwa vipande, kila kipande na ua wake, kila ua na tangi lake jeusi, na mtu anaweza kuishi miaka mitano bila kujua jirani yake ananywa nini. Vijana wanaponiuliza jinsi watu wa makabila mawili walivyokubali kuchimba pamoja bila kulazimishwa, huwa nawaeleza habari za kamati, katiba ya kamati na kumbukumbu za mikutano. Ni vitu vyema. Lakini silanga haikurudishwa na karatasi. Ilirudishwa siku ambayo mtu mmoja alikubali kubeba kosa ambalo halikuwa lake, ili kazi isife, na wengine wakaona haya kumwacha abebe peke yake. Nimechelewa mno kuelewa kwamba mtu niliyemwonea wivu miaka yote ile alikuwa amebeba mzigo wangu. Na nilimwonea wivu kwa sababu aliubeba vizuri.

Tulimzika kwenye ile nusu ekari. Kwa wale wanaotaka kujua, sikuweza kuhesabu watu; magari yaliegeshwa mpaka barabarani. Chai ya waombolezaji ilipikwa kwa maji ya silanga, na hata saruji ya kaburi ilikorogwa kwa maji hayo. Kisha mzee wa boma jirani akapewa kipaza sauti ambacho yeye kwa kweli hakihitaji. Alimpenda marehemu, na alilia akiongea. Akasema, "Huyu mama alikosea, hatufichi. Alitoboa silanga. Lakini alirudisha! Nani hapa akikosea anarudisha?" Watu wakaitika amina. Bintiye, ambaye nilimfundisha kusoma, alitazama chini. Mzee akamaliza: "Sasa mwalimu atatuambia kidogo."

Nilikuwa nayo nafasi. Watu wote waliokuwapo siku ya mkutano ule walikuwa wamekaa mbele yangu, isipokuwa waliokufa. Nikasimama nikaongea juu ya umoja. Niliongea vizuri, mpaka nikapigiwa makofi, na kwa mara ya kwanza makofi yakanichoma. Njia ya mwongo ni fupi, husemwa, lakini yangu nimeitembea kutoka ujana mpaka mvi.

Alhamisi nilimpelekea bintiye makala haya, yalipokuwa yameishia hapo juu, kabla ya kumpa mhariri. Ana duka la cherehani pale Kitengela. Alisoma yote bila kuinua macho, akayakunja, akayaweka juu ya meza ya kukatia vitambaa.

"Mwalimu, sisi tunajua," akasema. "Mama alituambia jioni ya ule mkutano. Mimi nilikuwa darasa la sita."

Nikamuuliza kwa nini mama yake hakusema.

"Alisema akikutaja, hakuna mtu atachimba tena, juu hawataamini kamati. Akasema tunyamaze, utakuja mwenyewe." Akanyoosha kitambaa kilichokuwa kimenyooka tayari. "Kila ukibisha pale kwetu, alifikiria ni hiyo umekuja kusema."

Nilibisha pale mara nyingi, miaka yote ile. Nilikuja na daftari la mahudhurio, nilikuja kuuliza kama wamepata tangazo la mkutano, nilikuja mara moja kulalamika juu ya punda wao. Alinikaribisha kila mara na kunivutia kiti, akakaa mbele yangu mikono juu ya magoti, akingoja. Nilidhani ni adabu tu.

Nilipoinuka kuondoka bintiye akanirudishia karatasi zangu. "Hii ya gazeti ni sawa," akasema. "Lakini watu wetu hawasomi gazeti, mwalimu. Ile maneno walisikia kwa silanga."

Amesema kweli. Udongo aliotuhumiwa kuuiba aliurudisha palepale mahali ulipotoka, mchana kweupe, watu wakiona. Jina la mtu nalo halirudishwi kwa njia nyingine. Basi Jumapili baada ya ibada, ng'ombe wakija birikani na watu wakiwa nao, nitasimama kwenye ukingo ule na kumwomba mzee wa boma jirani anisikilize mpaka mwisho. Nimejizoeza maneno tangu Alhamisi, na ni machache: aliyetoboa silanga ni mimi, na mama yule aliniambia nisichimbe.